Tafakari ya Ramadhani, siku ya 17: Umekaa na nani?



Leo naanza na nafsi yangu. Juzi baada ya tarawehe alinifuata mzee wetu mmoja (amenipa ruhusa niyaseme haya). Akakaa, akaanza kunieleza habari za nyumbani kwake. Mimi simu iko mkononi, najibu maswali yenu humu humu. Nikawa naitikia tu, "Naam mzee wangu, inshaallah," macho yapo kwenye kioo. Akanyamaza. Kisha akasema, "Basi sheikh, tutaongea siku nyingine." Akachukua bakora yake akaondoka.

Jana sikumwona msikitini, nikaenda kwake. Kumbe mkewe ana siku ya tatu amelazwa, na mzee anafuturu tende na maji, peke yake. Hilo ndilo alilokuja kuniambia, na tulikuwa tumekaa goti kwa goti.

Imamu An-Nasai amepokea kutoka kwa Ibn Abbas (R.A.) kwamba Mtume (S.A.W.) alivaa pete, kisha akaitupa. Akawaambia maswahaba kuwa imemshughulisha nao: mara anaitazama pete, mara anawatazama wao. Ndugu yangu, pete hailii wala haileti meseji. Na kuivaa si haramu. Lakini ilimgawia macho yake, akaona waliokaa mbele yake wana haki zaidi.

Sisi hatuambiwi tutupe simu. Kwa simu tunawajulia hali jamaa walio mbali, na wengine tunasomea Qur'ani humo. Ila tujiulize: maji tunayaacha tangu alfajiri mpaka magharibi, na maji ni uhai. Simu inatushinda nusu saa ya futari?

Leo ikiadhiniwa magharibi, simu zote ziingie kapuni mpaka mmalize kula. Wazazi tuanze sisi. Usimwamrishe mtoto na yako iko mfukoni. Kisha mgeukie aliye karibu nawe, muulize, "Umeshindaje?" Umsikilize mpaka amalize. Na kama kuna jirani anayefuturu peke yake, mwite.

Mimi nimemwomba mzee radhi, na leo anafuturu kwetu. Maswali yenu nitayajibu kesho baada ya alfajiri, mnisamehe. Tumwombee mkewe shifaa.

Allah atukubalie funga zetu. Amin.

Wabillahi tawfiq.