Mawimbi Hayafuti Deni

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, Mwingi wa rehema, Mwenye kurehemu. Sifa zote njema ni zake, Aliyeumba kila kitu kwa kipimo. Na rehema na amani zimshukie Mtume Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake. Ama baada ya haya:

Fahamu, ewe ndugu, ya kuwa imeenea katika zama hizi kauli kwamba vitu vyote, jiwe na mti na mwili wa mwanadamu, si vigumu kama vionekanavyo, bali ni mawimbi yatetemekayo. Na katika waisikiao wapo waongezao neno lisilokuwamo, wakisema: Ikiwa kila kitu ni mtetemo, basi hapana kitu cha hakika, na halali na haramu ni majina matupu. Neno la kwanza ni la wataalamu wa fizikia, nalo lina asili yake. La pili ni la nafsi, nalo lina hatari.

Mithali yake ni hii. Zaidi ni mkazi wa Nyakato, katika mji wa Musoma, mkoa wa Mara, ulio kando ya Ziwa Victoria. Alichukua kwa Amri madebe mawili ya dagaa wa ziwani, wavuliwao usiku kwa mwanga wa taa, akaahidi kulipa mwezi ukiandama. Mwezi ulipoandama, Amri akamwendea kudai haki yake. Zaidi akamchukua hadi ufukweni, akamwambia: “Tazama, Bwana Amri. Wimbi la jana li wapi? Wataalamu wamesema mimi nawe tu mawimbi. Aliyekopa amekwisha pita. Huyu umwonaye ni mwingine.” Amri asipate la kujibu, akarudi kwake mikono mitupu, na watoto wanamngoja.

Basi na ipimwe hoja ya Zaidi.

Kwanza, wataalamu walisema nini? Mwaka 1924 Mfaransa aitwaye Louis de Broglie alitoa rai kwamba chembe ndogo za vitu zina tabia ya wimbi, kama ilivyo nuru. Mwaka 1927 Davisson na Germer, huko Marekani, walirusha chembe ziitwazo elektroni juu ya kipande cha nikeli, zikarudi zimejipanga kwa namna ya mawimbi yakutanayo. Rai ile ikathibiti. Baadaye wakatokea wasemao kwamba asili ya kila chembe ni uzi mdogo mno utetemekao, na hilo hata leo halijathibitishwa kwa jaribio. Wala hapana katika hao wote aliyepima akaona deni limefutika. Chombo chao hupima urefu wa wimbi, hakipimi haki.

Wala mtu asiharakishe kusema kwamba mtetemo huo ndio tasbihi ya viumbe iliyotajwa katika Sura ya Bani Israili. Aya yenyewe yatujulisha kwamba tasbihi yao hatuifahamu. Na rai za wanadamu hubadilika; Kitabu hakifungwi kwenye mti utikisikao.

Pili, wanazuoni walikwisha likuta jambo linalokaribia hili. Maimamu wa Kiash’ari walisema kwamba sifa za vitu, kama rangi na mwendo, hazibaki nyakati mbili, bali Mwenyezi Mungu huziumba upya kila punde. Miongoni mwao ni Imamu-l-Haramaini Al-Juwaini, mwalimu wa Al-Ghazali, aliyefariki mwaka 478 wa Hijra, sawa na 1085, naye ni nguzo katika madhehebu ya Shafii. Je, alipoandika fiqihi alisema kwamba mkopaji wa jana si wa leo? Hasha. Deni limo katika dhima ya mtu, wala halimtoki ila kwa kulipa, au kusamehewa, au njia nyingine ya sheria. Hata akifa, hulipwa katika mali yake kabla ya warithi kugawana.

Na lililo wazi zaidi ni sauti. Sauti ni nini ila hewa itetemekayo, kisha ikatoweka? Lakini walii husema, “Nimekuoza,” na mume akajibu, “Nimekubali,” hewa ikatulia, na ndoa ikabaki. Msengenyaji hutetemesha hewa kidogo barazani, na heshima ya mtu ikaanguka. Ikiwa wepesi wa kitu wabatilisha hukumu yake, basi Zaidi na arudi nyumbani ajiulize mkewe amekuwa halali kwake kwa kitu gani.

Tena Zaidi mwenyewe haiamini hoja yake. Alipowala dagaa hakusema wameliwa na mwingine. Na lau angalikuwa yeye ndiye mdai, asingalimwonyesha mtu ziwa. Kama hana, na aseme, “Sina,” apewe muhula, kwani sheria imemwekea mwenye dhiki muhula. Lakini dhiki haijengewi falsafa.

Na wimbi lenyewe lamshuhudia. Kijiti kieleacho hupanda na kushuka karibu pale pale, na wimbi likaendelea. Lililoanzia mbali hufika ufukweni. Kadhalika kitendo cha mja: machoni pa watu hupita, na mbele ya Mola wake hufika.

Na Mwenyezi Mungu ndiye Ajuaye zaidi.