Mwanamume Ni Nani?

Katika nchi hii ya Kahama mtu akimwita mwenziwe "ngosha", yaani mwanamume kwa Kisukuma, amempa heshima. Lakini ngosha ni nani hasa? Neno hili nimewauliza watu wa kawaida, si wenye vyeo.

Mfugaji mmoja alinijibu, "Ni mwenye ng'ombe. Asiye nao atatoa nini mahari?" Kijana mchimbaji wa dhahabu akasema, "Ni yule asiyeogopa shimo." Mzee mmoja wa sungusungu, walinzi wa vijiji walioanza katika nchi za Wasukuma na Wanyamwezi mwanzoni mwa miaka ya 1980, akasema, "Ni yule aitikiaye yowe usiku."

Majibu haya yana kweli ndani yake, maana mali, ujasiri na ulinzi ni vitu vyema. Walakini vyote vyaweza kuondoka. Ng'ombe hufa kwa ukame. Mgodi wa Buzwagi, ulioanza kutoa dhahabu mwaka 2009, uliacha kuitoa mwaka 2021. Nguvu za mwili nazo huisha. Je, siku hiyo mtu huacha kuwa mwanamume? Wako wadhanio hivyo. Kwa aibu huikimbia nyumba, huenda machimbo ya mbali, wasirudi wala kuleta habari. Mke na watoto hubaki wakingoja, wala si fedha tu waingojayo, bali mtu mwenyewe.

Wa nne niliyemwuliza huchukua abiria kwa baiskeli mjini. Zamani alikuwa na kazi ya mshahara. Akaniambia, "Siku nilipopoteza kazi nilisimama nje ya nyumba yangu, nikiogopa kuingia mikono mitupu. Kisha nikaingia, nikamweleza mama watoto kweli yote. Tangu hapo sijaona shimo la kutisha kuliko mlango ule."

Wazee wetu walimwita mtu Ng'wana Fulani, yaani mtoto wa fulani. Kwao mtu alitambulikana kwa watu wake, ijapokuwa zizi lake ni tupu. Mwenye baiskeli alilijua neno hilo aliposhika mlango.

Basi, ninyi walimu mnaowafundisha vijana kabla ya ndoa, msiwaulize tu watatoa ng'ombe wangapi. Waulizeni na hili: siku utakapokosa vyote, je, utarudi nyumbani?