Washa Hiyo Kamera!

Unasubiri nini?

Unasubiri mfadhili? Unasubiri kamera ya mamilioni? Unasubiri uitwe na nani?

Mwaka 1972 Chile ilikuwa inachemka, na mtengeneza filamu Patricio Guzmán hakuwa na mikanda ya kurekodia. Madukani haikuwepo. Alikaa akalalamika? Thubutu! Alimwandikia Chris Marker, mtengeneza filamu mwenzake wa Ufaransa, na mikanda ikaja. Kikosi chake kilikuwa cha watu watano, kamera moja ya kunasa picha na mashine moja ya kunasa sauti.

Wewe simu yako inanasa vyote viwili kwa kugusa kidole. Halafu unasema huna vifaa?

Acha hizo.

Septemba 11, 1973, jeshi likaipindua serikali ya Rais Salvador Allende. Guzmán akakamatwa, akafungiwa katika Uwanja wa Taifa wa Santiago pamoja na maelfu ya wengine. Baadaye mikanda ikatoroshwa kwa meli, kwa msaada wa ubalozi wa Sweden. Akaenda kuihariri Cuba. Sehemu ya tatu ya filamu yake, *La batalla de Chile*, ilitoka 1979.

Hesabu miaka hiyo. Kisha niambie tena kwamba umechoka.

Jorge Müller Silva, aliyeishika kamera ile, alikamatwa Novemba 1974. Hajaonekana tena.

Aliyoyarekodi yanaonekana mpaka leo.

Sehemu ya kwanza ya filamu hiyo inaishia mtaani, kwa picha za Leonardo Henrichsen, mpigapicha wa Argentina. Askari anamwelekezea silaha. Kamera haigeuki. Risasi inalia, picha inayumba, inakwenda chini. Amerekodi kifo chake mwenyewe.

Hakuna anayekuomba ufe. Unaombwa uamke!

Mtaani kwenu yuko bibi aliyeona kijiji kikichomwa. Yuko mzee aliyelala rumande bila kosa. Wanakumbuka kila kitu. Hakuna aliyewauliza.

Unataka awaulize nani, kama si wewe?

Nenda leo. Mwombe mmoja wao ruhusa, mweleze picha itaonyeshwa wapi na kwa nani. Muulize majina, mahali, mwaka. Akinyamaza, nyamaza naye, usimkatize. Ukirudi, toa nakala mbili, moja uiweke mbali na nyumbani.

Utakosea. Sauti itakwaruza. Mkono utatetemeka.

Rekodi tena!

Kipaji unacho. Kimelala tu, na wewe ndiye unayekiimbia kilale.

Kila shahidi anapozikwa na ushuhuda wake, kuna mtesaji mahali fulani anayeshusha pumzi. Yeye hana haraka. Anaomba uendelee kumngoja mfadhili. Anaomba uanze mwakani.

Utamkubalia?