Wa Kwanza Katika Kiti cha Hukumu

Kuhukumiwa si aibu. Kila mtu aishiye pamoja na wenzake yampasa siku moja asimame mbele ya watu, aulizwe alilotenda na alilokana. Walakini kuhukumiwa siku zote, pasipo kuhukumu hata siku moja, ni jambo la namna nyingine. Ni hali ya mtoto mbele ya mzazi. Na watu wazima waliofanywa watoto katika nchi yao wenyewe wamepunjwa kitu ambacho hukumu njema, hata zikiwa elfu, haziwezi kuwarudishia. Ikiwa hivyo ndivyo, wale wachache waliotoka katika jamii iliyofungiwa mlango, wakawa wa kwanza kuingia katika uwakili na ujaji, walikuwa na deni gani, na deni hilo lilikuwa kwa nani?

Katika Ufipa husimuliwa hadithi ya kale ya kiti. Mfalme wa Milansi alikuwa hayupo kwake, na wanawake wageni wa ukoo wa Watwaci walifika wakakikalia kiti chake. Aliporudi aliwakuta wamekwisha kukaa. Yeye alibaki na heshima ya Milansi, na utawala wa nchi ukapita mikononi mwao. Wasimulizi wana tafsiri zao, lakini neno moja li wazi ndani yake: akaaye katika kiti kwa mara ya kwanza hubadili maana ya kiti hicho kwa watu wote, waliomtaka na wasiomtaka.

Wakati wa Waingereza, kiti cha hukumu katika uwanda huo kilikuwa na ngazi mbili zisizokutana. Sheria ya Mahakama za Wenyeji ya mwaka 1929 iliziondoa mahakama za machifu chini ya Mahakama Kuu. Mtu wa Malangali aliyeshindwa katika baraza la Mwene hakuweza kupeleka rufani yake kwa jaji. Aliipeleka kwa bwana wa serikali wa wilaya, kisha kwa mkuu wa jimbo, na mwisho kwa Gavana. Wale waliokusanya kodi yake ndio waliopima malalamiko yake. Wakili hakuruhusiwa kusimama katika mabaraza hayo. Majaji na mawakili walikuwapo, lakini walikuwa wa ngazi nyingine, na karibu wote walikuwa Wazungu na Waasia.

Yafaa haki itendwe hapa kwa Waasia wale. Mwaka 1958, Julius Nyerere aliposhitakiwa Dar es Salaam kwa maneno aliyoandika juu ya mabwana wawili wa wilaya, alitetewa na D. N. Pritt aliyetoka Uingereza, pamoja na K. L. Jhaveri na Mahmud Rattansey. Nyerere alitozwa faini ya shilingi 3,000, naye akalipa. Watetezi wale wawili wa Dar es Salaam walikuwa wa jamii ndogo katika nchi, na hawakuogopa kusimama upande wa wengi wasio na nguvu. Lakini kati ya watetezi hao watatu hapakuwa na Mwafrika hata mmoja. Sababu haikuwa uhaba wa akili. Makerere haikufundisha sheria. Aliyetaka kuwa wakili ilimlazimu kuvuka bahari, na serikali ya kikoloni ilipenda zaidi kusomesha waganga, walimu na mabwana shamba kuliko watu ambao kazi yao ingekuwa kuiuliza serikali maswali.

Kwa hiyo ni jambo la kukumbukwa kwamba chuo kikuu cha Dar es Salaam, kilipofungua mlango wake Oktoba 1961, wiki chache kabla ya uhuru, kilikuwa na kitivo kimoja tu, nacho ni cha sheria. Wanafunzi hawakuzidi 15. Mwanamke alikuwa mmoja, Julie Manning, ambaye mwaka 1975 alikuja kuwa Waziri wa Sheria. Naye alikuwa mchache kati ya wachache. Mwaka 1963 sheria mpya iliziunganisha mahakama zote katika ngazi moja, tangu mahakama ya mwanzo hata Mahakama Kuu. Mwaka 1965 Telford Georges, mtu mweusi mzaliwa wa Dominica, alikuwa Jaji Mkuu baada ya Sir Ralph Windham, na mwaka 1971 kiti hicho kilikaliwa na Augustine Saidi, mwananchi wa kwanza. Katika nchi jirani njia ilikuwa ile ile. Kenya ilikuwa na wakili Argwings-Kodhek, aliyewatetea washitakiwa wa Mau Mau wakati ambapo kuwatetea kulikuwa hatari, na mwaka 1968 ikampata Kitili Mwendwa, Jaji Mkuu wake wa kwanza Mwafrika.

Wako wasemao kwamba haki haina rangi wala kabila, na kwa hiyo ni upuuzi kuhesabu nani alikuwa wa kwanza. Mizani, wasema, haimjui aishikaye. Neno hili ni zuri, lakini lilipendwa sana na wale ambao mizani ilikuwa mikononi mwao. Wako wengine wasemao kwamba jaji huwaelewa watu wake kuliko mgeni. Hujua lugha yao, mahari yao, mipaka ya mashamba yao, na maana ya kimya cha mzee. Hili nalo lina ukweli, ila likishikwa peke yake lina hatari. Ikiwa sifa ya jaji ni kuwaelewa watu wake, watu wake hawatakawia kumdai upendeleo. Mwamba ngoma, walisema wahenga, ngozi huivuta kwake. Na jamaa za mtu wa kwanza huketi nje ya mahakama wakingoja kuona ngozi inavutwa upande upi.

Sababu iliyo bora kuliko hizo mbili ni heshima ya mtu. Mwafrika hakuhitaji jaji Mwafrika ili apewe hukumu tamu. Alihitaji kukiriwa kuwa ni mtu awezaye kupima neno la mwingine, kama vile neno lake lilivyopimwa. Na ikiwa hiyo ndiyo sababu, basi deni la mtu wa kwanza lajulikana. Hawezi kudai heshima hiyo kwa ajili ya watu wake kisha akamnyima mtu mwingine, awe mgeni au awe mnyonge wa nyumbani mwake. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: methali hii haikusema mnyonge huyo ni wa kabila gani.

Deni hilo lilipata kulipwa kwa bei kubwa. Benedicto Kiwanuka, Waziri Mkuu wa kwanza wa Uganda, alifanywa Jaji Mkuu mwaka 1971, Mganda wa kwanza katika kiti hicho. Mwaka uliofuata ililetwa mbele yake habari ya Mwingereza mmoja aliyekamatwa na askari pasipo sheria. Wakati huo hapakuwa na kazi nyepesi kuliko kumwacha mgeni aangamie. Angeweza kunyamaza na kusifiwa kwa uzalendo. Aliamuru mtu yule aachiliwe. Tarehe 21 Septemba 1972 watu wa Idi Amin walimchukua kutoka katika Mahakama Kuu ya Kampala, mchana, naye hakurudi tena. Yule ambaye watu wake walinyimwa ujaji na Waingereza aliuawa, na miongoni mwa makosa yake machoni pa Amin ni kumpa Mwingereza haki yake. Mtu atafutaye maana ya kuwa wa kwanza hatapata mfano ulio wazi kuliko huo.

Upande wa pili wa deni ni mgumu kwa njia nyingine, kwa kuwa humgeuza jaji awatazame watu wa kwao. Mwaka 1990 Jaji James Mwalusanya, katika Mahakama Kuu ya Mwanza, alipewa kuamua kama mwanamke wa Kihaya aweza kuuza shamba la ukoo alilorithi. Mila iliyoandikwa mwaka 1963 ilisema hawezi, ingawa mwanamume aliweza. Jaji aliipima mila hiyo kwa haki za binadamu zilizotiwa katika Katiba mwaka 1984, akasema mwanamke na mwanamume wawe sawa. Wapo walioona kwamba Mwafrika amevunja mila ya Waafrika. Lakini mwanamke yule naye alikuwa Mwafrika, na kwa muda mrefu alikuwa akihukumiwa tu. Kufungua mlango kwa wanaume wa kabila na kuufunga nyuma yao kungekuwa kubadilisha bawabu, nyumba ikabaki ile ile.

Kazi hiyo haijakwisha. Sumbawanga leo ina Mahakama Kuu yake, na mtu wa Ufipa halazimiki tena kusafiri zaidi ya kilomita 300 hadi Mbeya ili asikilizwe na jaji. Sheria ya mwaka 2021 ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, baada ya miaka mingi ya mtu kusomewa hukumu ya shamba lake kwa maneno asiyoyajua. Hatua hizo hazina majina makubwa wala picha ukutani, lakini ni za namna moja na zile za waliotangulia, kwa kuwa kila moja humtoa mtu katika utoto aliotiwa kwa nguvu.

Fahari ya mtu wa kwanza ni fupi. Hudumu mpaka atokee wa pili. Deni lake ni refu. Hulipwa kidogo kidogo na kila hakimu akaaye katika kiti hicho, mjini na shamba, na dalili ya kulipwa ni ndogo sana: mtu wa Malangali mwenye kesi ya mpaka wa shamba anapokwenda mahakamani, aulize kesi yake itatajwa saa ngapi, asiulize hakimu ni mtoto wa nani.