Klia Juu ya Kromu

Kijana mmoja wa Likoni alinunua pikipiki iliyotumika. Madigadi, usukani na ekzosi vyote vilikuwa vya kromu, naye akaipenda kupita kiasi kwa chombo cha kubebea abiria. Kila jioni aliifuta, na kila asubuhi akaikuta imetanda chumvi, maana kituo chake ni pale karibu na feri. Siku alipoona vitone vya kahawia kwenye usukani, akaenda kwa fundi rangi kutaka klia, ile vanishi angavu ya juu.

"Nipigie klia, fundi, isishike kutu."

"Kromu haishiki klia, mwanangu. Imeteleza mno. Nikiipiga msasa ishike, mng'aro umekwenda."

"Basi piga hivyo hivyo."

Fundi akapiga. Wa kulaumiwa simjui, maana mteja naye alikuwa na haraka na hela mkononi.

Mwanzoni ilimeta kweli. Kisha klia ya ekzosi ikaungua kwa joto, ikageuka njano, halafu kahawia. Kwenye usukani ikaanza kuinuka pembeni. Maji ya chumvi yakaingia chini yake yakakaa, na kitambaa cha jioni, kilichokuwa kikiyaondoa zamani, sasa kikawa kinasugua klia tu.

Kromu yenyewe haishiki kutu. Ni utando uliopakwa kwa umeme, mara nyingi mwembamba kuliko sehemu ya elfu ya milimita, juu ya nikeli; chuma kiko chini ya nikeli. Utando huo una nyufa na vitundu visivyoonekana kwa macho. Unyevu ukipenya hadi kwenye chuma, kutu huanzia huko na kuja juu. Kwa hiyo vile vitone vilikuwa kutu ya ndani inayochungulia, na klia iliifungia humo pamoja na unyevu wake.

Kwa hasira kijana akachukua msasa mwenyewe. Ukaondoa klia, kromu na nikeli pamoja. Leo madigadi ya mbele ina rangi nyeusi ya kopo.

Angeiosha tu kwa maji ya bomba (visima vingi vya pwani vina chumvi), akaikausha, akaipaka nta ya gari na kuirudia kila inapoisha. Ekzosi aiache bila kitu, aioshe ikiwa imepoa. Na klia iliyokwisha kuharibika huondolewa kwa dawa ya kutoa rangi isiyo na asidi, na kitambaa laini.