Mto Rwizi Hauishii Mbarara

Kaveera, yaani mfuko wa plastiki, inayotupwa Mbarara mjini haihitaji nauli kufika kwetu Nakivale. Mvua ikinyesha, mtaro unaisukuma hadi Rwizi, na Rwizi, mto unaoanzia vilima vya Buhweju, unashuka kuelekea maziwa ya Mburo, Nakivale na Kachera, mwisho wake Ziwa Viktoria. Maji ya Nakivale ndiyo yanayovutwa, kusafishwa na kuingizwa kwenye mabomba ya kambi yetu ya wakimbizi. Anayerusha chupa pale darajani Mbarara, anairusha kwenye jerikani yako.

Vijana wa Nakivale, nawauliza: nani atalisema hili kwa sauti kama si nyinyi?

Wenzetu walishapata namna ya kulisema. Mwaka 2014 profesa wa kemia wa Ujerumani, Andreas Fath, alijitosa mto Rhine kule unakochipukia milimani Uswisi, akaogelea kilomita 1,231 mpaka baharini. Njiani alichotewa sampuli za maji, na chembechembe za plastiki zilikutwa tangu juu hadi chini. Mwaka 2017 akaenda Marekani, mto Tennessee, kilomita 1,049. Mwaka 2023 mwogeleaji Lewis Pugh akaogelea mto Hudson kwa siku 32 hadi New York. Ripoti za maabara zilikuwepo kabla yao, nazo zilikaa kabatini. Lakini mtu akipiga maji mwezi mzima, mkono mmoja baada ya mwingine, watoto hujaa ukingoni, waandishi humfuata, na meya hulazimika kutoka ofisini.

Hapa Afrika Mashariki hatukukaa kimya. Ali Skanda, fundi wa majahazi wa Lamu, na wenzake waliunda Flipflopi, jahazi la plastiki iliyookotwa, wakalivika ndala 30,000 za rangi zote. Mwaka 2019 likatoka Lamu hadi Zanzibar. Mwaka 2021 likaingia Ziwa Viktoria.

Sasa usinielewe vibaya ukaenda kurukia Rwizi kesho. Maji yetu yana viboko na mamba, na kiboko hasomi bango la kampeni. Kichocho nacho kipo. Tunachochukua kwa waogeleaji hawa ni ustahimilivu wao, pamoja na tabia yao ya kupima kila wanakopita.

Na ustahimilivu, nani atakufundisha wewe? Wapo humu kambini waliotembea kutoka Masisi hadi Bunagana na mtoto mgongoni, sufuria kichwani. Wapo waliotoka Burundi usiku. Kambi hii inapokea watu tangu mwishoni mwa miaka ya 1950, na hakuna aliyefika kwa miguu laini. Miguu hiyohiyo inaweza kufuata mto.

Nendeni kando ya ziwa mkaangalie kwa macho yenu. Vuteni bua moja la mafunjo: shinani utakuta kaveera nyeusi imejizungusha, imechanwa na jua hadi ikawa nyuzinyuzi. Ishike, inakatikia mkononi. Haiozi, inagawanyika tu, ikawa vipande vidogo ambavyo ngege anavimeza. Ngege huyohuyo anakaangwa jioni.

Sheria ipo. Tangu 2019 sheria ya mazingira ya Uganda inakataza kaveera nyembamba kuliko mikroni 30, na bado unafungiwa nyanya humo sokoni. Waulizeni majirani waliopitia Rwanda: huko marufuku ni ya 2008, na mpakani mfuko unatolewa kwenye mzigo wako bila mjadala. Linawezekana, basi, tena katika nchi ya jirani yetu, si Ulaya.

Chagueni mtaro mmoja, si ziwa zima. Kila Jumamosi okoteni, mkihesabu: chupa ngapi, kaveera ngapi, ndala ngapi. Andikeni kwenye daftari, na tarehe. Wa Mbarara wafanye vivyo hivyo kwenye daraja lao, kisha mlinganishe. Baada ya miezi michache pelekeni daftari hilo kwa viongozi wa kambi, kwa wilaya ya Isingiro na kwa baraza la jiji la Mbarara. Kilio cha mkimbizi wamekizoea. Hesabu yenye tarehe watashindwa kuipuuza. Anayetaka kuogelea kweli, ajifunze kwenye bwawa lenye mwalimu. Siku moja tutamhitaji.

Jumamosi hii, saa moja asubuhi, kabla jua halijawa kali. Njoo na gunia, kalamu na jirani mmoja.