Eli Alikitazama Kinywa Chake
(1 Samweli 1:9–18)

Habari ya Hana twaijua sote. Alikuwa akisali moyoni mwake, midomo ikicheza tu, sauti isisikike. Naye kuhani Eli, aliyeketi mlangoni pa hekalu, akamdhania kuwa amelewa, akamkemea. Habari hii yatuogofya sisi tulio wazee na walimu. Maana Eli alikuwa akilinda mahali patakatifu, wala hakukusudia ubaya. Lakini alikitazama kinywa, akauhukumu moyo.

Uko ugonjwa uitwao Tourette, kwa jina la tabibu Mfaransa, Georges Gilles de la Tourette, aliyeandika habari zake mwaka 1885. Asili yake ni katika ubongo, nao huanza utotoni. Mtoto hupepesa macho, hutikisa kichwa, huinua mabega, au hutoa sauti asiyoitaka. Wachache, wala si wengi kama watu wadhanivyo, hutamka hata matusi. Aweza kujizuia kitambo, kama mtu azuiavyo chafya, kisha yatoka tu. Na akitiwa hofu au haya, mara nyingi huzidi. Si pepo, si ulevi, wala si malezi mabaya, tena hauambukizi.

Huko Galashiels, katika Uskoti, yuko mtu mwenye ugonjwa huu, jina lake John Davidson. Mwaka 1989, alipokuwa kijana bado, maisha yake yalionyeshwa katika sinema ya BBC, ambayo jina lake lasema kwamba John hana wazimu. Sisi twafunga mlango kwa ila ndogo. Yeye aliionyesha nchi nzima jambo lililomtia haya kuliko yote. Baadaye akawa akiwafundisha watu habari za ugonjwa wake, hata mwaka 2019 akapewa nishani na Malkia Elizabeth. Siku ile ile neno la matusi lilimtoka mbele ya Malkia, wala nishani hakunyang'anywa.

Je, kwetu ingekuwaje? Mtoto apiga ukelele wakati wa sala. Mzee wa zamu amshika mkono, amtoa nje. Mama yake afuata, macho chini. Jumapili ya pili hawaonekani, nasi twasema kwamba wamepoa. Mtu akituambia kwamba kelele yasumbua ibada, twajibu: ndiyo, yasumbua. Na mtoto mchanga aliaye asumbua pia, nasi hatujamfukuza.

Lakini Hana hakuondoka kimya. Alijibu kwa adabu, akaeleza hali yake. Na Eli, mzee yule, akaligeuza neno lake, akambariki. Basi mzazi asimfiche mtoto nyumbani, bali na amweleze mwalimu mapema. Naye mwalimu, mzazi na mtoto wakikubali, auambie usharika kwa maneno machache, watu wasigeuke kutazama. Katika mafundisho ya Kipaimara apewe mahali karibu na mlango, apate kutoka na kurudi apendavyo, wala sauti zake zisihesabiwe kuwa utovu wa adabu. Na wale walioacha kuja, waendewe juma hili. Mzee aliyewatoa ndiye aende.